Kuku Wawili Weupe

Kule Dieng, juu milimani ambako ukungu huingia jikoni bila hodi, mtoto akiugua homa kali kisha akaamka nywele zimesokotana, hakuna anayeshika mkasi. Nywele hizo zina wenyewe. Zitakatwa siku mtoto atakapotaka, kwa kinywa chake, na ataje kitu anachotaka kupewa. Akitaja mbuzi, atafutwe mbuzi. Akitaja kipande kimoja cha tempe, ile soya ya kuchachushwa, apewe kimoja, si viwili. Ukimchezea, nywele hurudi, na hazirudi bila mgeni.

Wigati alipata zake akiwa na miaka miwili. Misokoto kumi na mmoja, mizito, ambayo alipofika miaka tisa ilikuwa inamgonga kiunoni. Kila mwaka, baridi ya Agosti ikikaribia, mama yake alimuuliza. Mama huyo ni Tumirah, mjane, mkulima wa viazi.

"Unataka nini, mwanangu?"

"Sitaki kitu."

"Kila mtu anataka kitu. Hata paka."

"Basi muulize paka."

Msidhani mtoto alikuwa na kiburi. Alizipenda nywele zake, basi. Na kila alfajiri, kabla mama hajawasha moto, alisikia vidole vidogo vya baridi vikizipanga nyuma ya shingo yake, msokoto mmoja mmoja, kwa upole. Hakuwahi kugeuka kutazama. Hakuwahi kuogopa pia. Na hakumwambia mtu, maana yako mambo ukiyasema yanaharibika.

Lakini watu wana midomo, na wa kwanza kuwa nao alikuwa shangazi yake, Sarpi, aliyekaa nyumba ya pili.

"Wifi," alimwambia Tumirah mbele ya wanawake waliokuwa wakiosha karoti, "binti yako ataolewa na kichwa hicho? Mume si atadhani ameletewa dekio?"

Wanawake walicheka. Tumirah naye alicheka, kisha akaenda kulia jikoni. Shuleni jina la Dekio lilishafika kabla Wigati hajafika. Hilo angelivumilia. Asichoweza kuvumilia ni kumwona mama yake akijifuta machozi kwa kitambaa cha masizi.

"Sema kuku wawili weupe," mama alimnong'oneza usiku huo. "Kuku tunawamudu. Maneno matatu tu, mwanangu, nawe utakuwa kama wenzako."

Mkataji wa nywele hizo alikuwa Babu Karso, mzee mwenye gubu, aliyeweka mkasi wake ndani ya kopo la biskuti na asiyependa kuharakishwa. Walikwenda naye kando ya ziwa. Alimfunika Wigati kitambaa cheupe, akamuuliza anataka nini.

"Kuku wawili weupe."

"Kuku?"

"Kuku."

Babu Karso alimtazama Tumirah. Tumirah akatazama vidole vya miguu yake. Mzee aliguna, akakata. Misokoto yote kumi na mmoja iliingia katika bakuli la maji ya maua, kisha ikatupwa ziwani. Siku hiyo ziwa lilikuwa la kijani kibichi, linanuka mayai viza kama kawaida yake, na lilizimeza nywele bila hata kutoa povu.

Alfajiri iliyofuata hapakuwa na vidole.

Shuleni mwalimu aliita majina, akamruka. Wigati alinyoosha mkono. Mwalimu alifunga daftari. Rafiki yake Yuni alikuja kukaa pale pale alipokaa yeye, akamkalia mapajani, kisha akainuka akisema benchi lina baridi. Wigati alidhani wanamtania. Jioni ya siku ya tatu mama alipakua viazi, akaweka sahani moja mkekani.

"Mama."

Tumirah alikipuliza kiazi chake.

"Mama, na mimi je?"

Mama alikula, akamaliza, akatoka nje. Alisimama mbele ya banda, akawatazama kuku wawili weupe, akajikuna kichwa.

"Hivi hawa niliwanunua wa nini?" alijiuliza.

Wigati alijipapasa shingo tupu. Sasa alikuwa kama wenzake, kama wote kwa pamoja, kiasi kwamba hapakubaki cha kumtambulisha. Alilala pembeni ya mama yake bila kufunikwa, na kulipokucha akakimbilia ziwani.

Ukungu ulikuwa mzito, huoni hata mkono wako. Alifika ukingoni karibu aanguke. Hapo, juu ya jiwe, alikaa msichana aliyempa mgongo. Alivaa sweta jekundu, la Wigati, lile lenye kiwiko kilichotobolewa na moto. Misokoto kumi na mmoja ilimning'inia mgongoni ikichuruzika maji, na vidole vidogo vyeupe vilikuwa vikiikamua. Wigati alivijua vidole hivyo bila kuambiwa.

Msichana aliinuka, akashika njia ya kijijini. Wigati alimfuata. Kwenye tope hakuona nyayo mbele yake, na alipogeuka hakuona zake pia.

Sarpi ndiye aliyewaona kwanza. Tuseme alimwona mmoja.

"Tumirah, hebu toka," aliita, na sauti yake haikuwa ya utani. "Nywele za mwanao zimerudi."

Tumirah alitoka na mwiko mkononi. Alisimama kama mtu aliyeamshwa. "Wigati? Ulikuwa wapi, mwanangu? Jamani, ulikuwa wapi?" Akamkumbatia yule msichana, akambana kifuani na maji yake yote. Wigati alikuwa hatua tatu nyuma, akimtazama mama yake akimkumbatia mtu mwingine kwa jina lake. Hakuwahi kuumia namna ile, si kwa homa, si kwa Dekio.

Babu Karso aliitwa. Alikuja na kopo lake la biskuti lakini hakulifungua. Msichana alikuwa ameketi mkekani, uso umefichwa na nywele, hajatamka neno. Mzee aliwatazama wale kuku bandani.

"Hawa nani aliwataka?"

Sarpi alimgeukia wifi yake.

"Mimi," Tumirah alisema. "Nilimtilia maneno mdomoni. Nilichoka kuchekwa, babu."

"Nguo ya kuazima haisitiri matako, Tumirah. Na ombi la kuazima ni hivyo hivyo." Alichuchumaa mbele ya mkeka. "Haya. Naanza upya. Unataka nini?"

Msichana aliinua uso ili ajibu, na nywele zikafunguka. Nyuma ya nywele hizo hapakuwa na mdomo, wala pua, wala macho. Palikuwa laini, kama kiazi kilichomenywa. Sarpi alitoka mlangoni kinyumenyume, akapita karibu na Wigati bila kumwona.

Wigati, pale kizingitini, alielewa. Swali lilikuwa lake bado. Asipolijibu, yule atabaki, atakula kwenye sahani yake na kulala mahali pake. Alimtazama mama yake aliyejishika mdomo kwa mikono miwili. Alijua watamcheka tena, kisimani na sokoni, miaka na miaka. Alimhurumia, na alimpenda mno. Lakini alijua pia asichoweza kumpa.

"Nataka nywele zangu," alisema. "Zibaki kichwani kwangu. Na mtu asiniulize tena."

Sauti ilikuwa ndogo, lakini wote waligeukia mlango.

"Kilichoombwa hutolewa," Babu Karso alisema.

Shingo ya Wigati ililemewa ghafla. Maji ya baridi yalimtiririka mgongoni. Alikuwa ameketi mkekani, na kizingitini hapakuwa na mtu, palikuwa na kidimbwi kidogo tu cha maji kinachonuka mayai viza. Mama alikuwa akimpapasa uso. Alipapasa pua, akapapasa mdomo, kisha akaurudia mdomo.

Mzee alipoondoka, Tumirah aliweka sahani mbili.

"Watasema," alisema.

"Watasema, mama."

"Na wale kuku?"

"Ni wako. Wewe ndiye uliyewataka."

Tumirah alicheka mpaka machozi yakamtoka, na safari hii hakukimbilia jikoni.

Alfajiri Wigati aliamshwa na vidole nyweleni. Upande wa kulia vilikuwa vya moto na vikavu, vimekwaruzwa na udongo wa viazi, na vilikuwa vikijifunza polepole, msokoto mmoja mmoja. Upande wa kushoto vilikuwa vya baridi. Mama hakuuliza ni nani anayemsaidia, na Wigati hakugeuka.