Mosi ya Kaskazini

Mama Lãm alikuwa na watoto wawili wa kiume, na kwa miaka kumi na mitatu alikuwa akipika chakula cha mmoja. Yule mwingine, mkubwa, hakuwa amekufa wala hakuwa amekosana na mama yake. Alikuwa Kaskazini, basi. Miaka ile kuwa Kaskazini kulitosha.

Zamani kijiji kizima kilimwita Mama Quyến, kwa jina la huyo mkubwa, kama ilivyo desturi. Kisha Wafaransa wakashindwa vita, na wakubwa wa dunia wakaketi mezani huko Ulaya, wakaikata nchi vipande viwili, wakaenda kula. Mume wake alikuwa amepigana upande uliopewa Kaskazini. Akamshika mkono Quyến, mtoto wa miaka kumi, wakapanda meli ya kigeni pale bandari ya Quy Nhơn. Mama akabaki na Lãm, wa miaka mitano, ambaye alikuwa na surua na asingeweza kusafiri. Melini wanaume wote waliinua vidole viwili juu: miaka miwili tu, uchaguzi utafanyika, tutarudi. Uchaguzi haukufanyika. Vidole vile mama alikuwa akiviona usingizini mpaka akavichukia.

Serikali ya Saigon, iliyotawala Kusini, ilipoanza kuulizia nani ana ndugu Kaskazini, jirani mmoja mwenye huruma akaanza kumwita Mama Lãm. Wengine wakafuata, na jina la Quyến likatoweka kijijini bila mtu yeyote kuamrisha. Yeye mwenyewe aliitikia hilo jipya, maana alitaka kuishi na alitaka Lãm aishi. Wamarekani walipokuja na helikopta zao, hapakuwa tena na mtu wa kumwita Mama Quyến. Habari ya mumewe kufa kwa bomu huko alikokwenda ilimfikia ikiwa na umri wa miaka miwili. Akaililia jikoni, mbele ya moshi, ili akiulizwa aseme ni moshi.

Siku kumi kabla ya Tết, Mwaka Mpya wa Tumbili, Bi Ngà muuza mchuzi wa samaki akatua mitungi yake mlangoni.

"Dada, nunua chupa moja."

"Ninao bado."

"Nimekwambia nunua." Bi Ngà akageuka kutazama njia, akashusha kofia yake ya majani usoni. "Wa safari hii umetoka mbali. Umetoka milimani. Una miaka ishirini na mitatu, mzima wa afya, na unakusalimu sana."

Mama Lãm akashika nguzo ya mlango.

"Ukilia hapa nakuchapa," Bi Ngà akasema kwa sauti ya chini. "Anasema jioni ya mosi ya mwaka mpya atakuja kula kwako. Atakaa saa moja hivi, halafu anaondoka. Mlango wa nyuma. Jioni ya mosi, umesikia? Haya lipa, watu wanatuangalia."

Mama Lãm akaingia ndani na chupa asiyoihitaji, akaketi kitandani. Hesabu yake ya kwanza haikuwa ya nyama wala ya mchele. Ilikuwa ya Lãm. Lãm sasa alikuwa na miaka kumi na minane na alikuwa askari wa Saigon. Pande zote mbili zilikuwa zimetangaza kusimamisha vita kwa ajili ya sikukuu, naye amepewa ruhusa: angefika nyumbani tarehe ishirini na nane, na kabla ya saa sita mchana ya mosi awe amesharipoti kambini. Mmoja anatoka mchana, mwingine anaingia jioni. Alirudia hesabu hiyo mara nyingi, na kila mara ilikubali. Kwa mara ya kwanza tangu meli ile, angemwona mwanawe mkubwa akila wali wa nyumbani.

Lãm alifika amekonda, na bunduki begani. Mwezi uliopita rafiki yake Bảng alikuwa amekanyaga bomu la kutegwa njiani. Alimsimulia mama yake habari hiyo wakila.

"Hakikubaki kitu cha kuzika, mama. Kiatu kimoja tu." Akatafuna, akameza. "Nikimwona mmoja wao, sitamuuliza jina." Kisha akaomba aongezewe wali.

Mama akamwongezea.

Tarehe thelathini, siku ya mwisho ya mwaka, jua likiwa linazama, aliandaa chakula cha wahenga mbele ya madhabahu, akawasha udi, akawaalika mmoja mmoja kwa majina. Udi ulipoisha, wakaketi wawili mezani. Lãm akatazama mikate ya wali wa kunata iliyoning'inizwa ukutani na majani yake ya mgomba.

"Kumi na minne? Mama, umealika kikosi kizima?"

"Kula, acha kuhesabu vya watu."

"Kuna mzee anakuja kukuposa, eh? Niambie mapema ninunue suti."

"Mjinga wewe," mama akasema, na akacheka kweli. Alikuwa na furaha jioni ile. Kesho, jioni kama hii, ingekuwa zamu ya mkubwa.

Ndipo mlango wa nyuma ukabishwa hodi.

Akainuka, akapita pazia la jikoni, akafungua. Mbele yake alisimama kijana mwembamba katika nguo nyeusi za mkulima, ngozi ya manjano kwa malaria, kofia mkononi. Alikuwa anatabasamu, na nywele zake alikuwa amezilaza kwa maji.

"Heri ya Mwaka Mpya, mama," akasema. Nusu ya matamshi yake ilikuwa ya kwao, nusu ya Kaskazini. "Hapa ni kwa Mama Quyến?"

Jina hilo lilimpiga kifuani. Alitaka kumrukia, amshike masikio yale, amnuse kichwa kama alivyokuwa akimnusa mdogo. Lakini kwa nini leo? Leo ni thelathini! Alisema mosi, na mosi ni kesho. Na nyuma yake, hatua kumi tu na pazia la kitambaa, alikaa Lãm, na bunduki imeegemezwa ukutani.

"Nani, mama?" Lãm akaita kutoka ndani.

Hakuwa na muda wa kufikiri, na alichokisema kilitoka kama kilivyotoka siku zote kwa miaka kumi na mitatu.

"Hapa ni kwa Mama Lãm," akasema, kwa sauti ya kusikika pande zote mbili. "Umepotea njia, kijana."

Tabasamu la yule kijana lilikaa kidogo usoni, likakosa pa kwenda. Akamtazama mama, akatazama paa, akamtazama mama tena. Mama akachezesha midomo bila sauti: kesho, kesho, mwanangu. Lakini kiza kilikuwa kimeshaanza kuingia, na kijana alikuwa ameinamisha kichwa kwa adabu.

"Samahani, mama. Nimekosea nyumba."

Akapita kando ya banda la nguruwe, akaruka mfereji, akaenda zake. Mama akafunga mlango.

"Mtu amepotea njia," akasema aliporudi mezani. Wakamaliza kula kimya, na mama hakukishangaa kimya hicho kwa sababu alikuwa na kazi ya kujituliza. Kesho atarudi. Kesho nitamshika uso kwa mikono miwili, nitamweleza, na atanicheka.

Kabla hakujapambazuka milio ya bunduki ikasikika upande wa mji. Si fataki za sikukuu. Kila mtu alijua tofauti. Lãm akavaa viatu mbio akatoka bila hata kunywa maji. Jioni ya mosi mama aliandaa chakula, akaacha mlango wa nyuma bila komeo, akangoja mpaka wali ukapoa na kuwa mgumu. Akangoja jioni ya pili, na ya tatu. Wakati huo nchi nzima ilikuwa inawaka moto, na hakuna aliyepita mlango wowote.

Vita viliendelea miaka saba zaidi. Wamarekani wakachoka, wakaondoka, wakawaacha wenyeji wamalizane. Kaskazini ikashinda. Lãm akarudi na mkono mmoja usiokunjika, akapelekwa kambini miezi michache kufundishwa kwamba alikosea, akatoka, akaanza kutengeneza baiskeli mbele ya nyumba. Waliishi vizuri, mama na mwana, kwa adabu nyingi mno. Walikuwa wakipeana nafasi ya kupita kama wapangaji.

Mwaka wa pili wa amani akaja mgeni, mtu wa Nam Định, huko Kaskazini, mwenye jicho moja, jina lake Ngạc. Alizunguka kijiji akimuulizia Mama Quyến. Watoto wakamwambia hakuna mtu wa jina hilo, mpaka bibi mmoja mzee akamwonyesha nyumba. Siku hiyo Lãm alikuwa amekwenda kutafuta vipuri. Mama akamkaribisha mgeni, akammiminia chai, na Ngạc akaweka mezani karatasi yenye mhuri: Quyến, amekufa kishujaa, tarehe mbili ya mwezi wa kwanza, mwaka wa Tumbili.

Mama alikuwa ameshajua kwa miaka mingi kwamba amekufa. Alichotaka ni siku, ili awe na siku ya kumwekea chakula.

"Ya pili?" akauliza. "Hapa bunduki zililia alfajiri ya mosi."

"Mosi yenu, mama." Ngạc akatabasamu vibaya. "Yetu ilikuwa imeshapita. Mwaka ule serikali ya kwetu ilitoa kalenda mpya, na Tết yetu ikawatangulia ninyi kwa siku moja. Amri ilikuwa tushambulie usiku wa mosi. Sisi tukafuata kalenda tuliyokuja nayo, wenzetu wa huku wakafuata ya huku. Tukaingia mjini peke yetu. Watu themanini. Tulitoka tisa."

Mama akaliweka chini birika. "Kwa hiyo jioni ile, kwake yeye ilikuwa mosi."

"Ilikuwa mosi, mama. Alikuja kula, kama alivyoahidi."

"Aliporudi kwenu alisema nini?"

Ngạc akazungusha kikombe chake. "Mambo ya zamani hayo, mama. Tuyaache."

"Mwanangu, mimi ni mzee. Niambie."

"Alisema, 'Mama amenisahau.' Hakukasirika, nakuapia hakukasirika hata kidogo. Alisema una haki, alikuacha akiwa kitoto, sasa ana ndevu. Akasema vita vikiisha atakuja mchana, ajitambulishe polepole, asikushtue." Ngạc akafuta jicho lake moja. "Saa tisa hivi ya usiku uleule tukaenda mjini."

Mama hakulia mbele ya mgeni. Alimfungia chakula cha njiani, akamsindikiza mpaka barabarani, akamshukuru. Lãm aliporudi alimkuta ameketi, karatasi i mapajani. Akaisoma akiwa amesimama, mikono imejaa grisi.

"Lãm," mama akasema. Alikuwa amelibeba jambo hilo miaka tisa. "Yule mtu aliyebisha hodi jioni ya thelathini, ulipokuwa likizo..."

"Najua, mama."

"Hujui. Yule alikuwa..."

"Nilichungulia pembeni ya pazia. Alikuwa na sura yako tupu. Nani asingemjua?" Lãm akaketi kwenye kigoda, mkono wake mbovu umenyooka. "Nilikuwa nimeshaenda kabatini kumchukulia bakuli. Nimelishika hivi, na vijiti vyake."

"Mbona hukutoka?"

"Nilikusikia ukimwambia amepotea njia. Nikajua unaniogopa mimi. Nikarudisha bakuli."

"Ulisema hutamuuliza jina!"

"Nilikuwa na miaka kumi na minane, mama. Nilisema mengi."

Miaka tisa yote alikuwa akijiambia kwamba jioni ile, kwa maneno machache, aliokoa watoto wawili. Mmoja alikwenda kufa akijua amesahauliwa. Mwingine aliishi naye chini ya paa moja, akala chakula chake kila siku, akijua anaogopwa. Na hakuna kati yao aliyemlaumu.

Mama Quyến akalia kwa sauti kubwa, pasipo moshi, majirani wasikie wakitaka. Lãm akasogeza kigoda karibu naye na kuketi, mikono michafu kwa grisi, asijue amshike wapi.