Kumbatio la Michai

Jumanne, tarehe sita Mei 2025. Mvua ya mawe ya jana jioni ilikuwa bado imelala nyeupe chini ya michai, ukungu umetanda bondeni, na jua lilikuwa linachomoza bila upepo wowote. Chepkurui aliitazama asubuhi hiyo kutoka mlangoni pa jikoni, akanusa, na moyo wake ukashtuka. Hewa ilinukia chai iliyochemka, ilhali hakuna aliyekuwa amewasha moto.

Barafu chini, ukungu katikati, jua juu. Kila baada ya miaka michache asubuhi ya namna hiyo hukijia kilima chao karibu na Kapkatet, na michai huamka. Hukua mbele ya macho ya watu, matawi yakitafutana kama mikono, mpaka umande ukauke. Watu wa kilima huliita Kumbatio. Kilichomo ndani hukumbatiwa, na umande ukishakauka, tawi laini huwa mti mgumu. Mara ya mwisho lilimshika Chepyegon, aliyeingia na panga kumtafuta ng'ombe wake. Kila alipokata tawi moja, yalichipuka mawili. Hadi leo mjane wake huupogoa mwenyewe mchai uliomfungia ndani, wala hamruhusu mtu mwingine kuugusa.

Kengele ya kanisa ilianza kulia kwa kasi, kuwaonya watu. Kipkosgei, mwanawe, alitoka nyumbani kwake akivaa buti.

"Mama, Nyathira yuko kwako?"

"Kwangu kufanya nini?"

"Alitoka mapema. Alisema anaenda kumaliza kuchuma mstari wake."

Chepkurui akashika njia ya shambani. Jana, mbele ya wachumaji wote, alikuwa amemwambia mke wa mwanawe, "Huko kwenu Ol Kalou mmezoea viazi. Kiazi hakina haraka, kinakungoja udongoni." Watu wakacheka. Nyathira naye akacheka, akainamisha kichwa, na mstari wake ukabaki nusu.

Nyathira alikuwa ameishi katika boma lile miaka miwili, na Chepkurui hakuwa amekwenda hata siku moja kwa wazazi wake kumposa. Baba yake Kipkosgei alikwisha fariki, kwa hiyo safari ilikuwa juu yake. Kila mara alikuwa na sababu: ng'ombe anakaribia kuzaa, barabara ni mbovu, kifua kinabana. "Msichana alikuja kwa miguu yake mwenyewe," alizoea kusema. "Sasa nikaombe nini?"

Walipofika shambani, majirani walikuwa wamesimama barabarani, na michai ilikuwa imewapita vichwa. Kipkosgei aliinua panga. Mama yake akamdaka mkono.

"Unataka kumzika? Weka chini!" Kisha akaita, "Nyathira!"

"Niko hapa, Mama." Sauti ilitoka mbali, katikati ya majani. "Yamefika kifuani. Hayaniumizi. Yamenishika tu."

Wachumaji wa kilima kile wana desturi. Mwenye mkono mwepesi akimaliza mstari wake, huenda mwisho wa mstari wa mwenzake aliyechelewa, akachuma kuelekea kwake mpaka wakutane. Phelis, mchumaji mwenzake, alikuwa amemfanyia Nyathira hivyo mara nyingi. Hata Quinter, mwenye mgongo mbovu, alimfanyia. Chepkurui, aliyewashinda wote kwa wepesi, hakuwahi.

Tena wazee walisema kwamba Kumbatio humwachia anayechuma vizuri, majani mawili na chipukizi, bila kuchana. Lakini ni nani mwenye utulivu wa kuchuma vizuri huku anatetemeka?

Aliingia. Mikono yake ikaenda kwa mazoea, yote miwili kwa pamoja, ikararua. Papo hapo vitawi viwili vikamzunguka kifundo cha mkono.

"Bwana," alinong'ona, "mikono hii uliipa kasi. Leo iondolee."

Akachuma chipukizi moja. Akangoja. Akachuma jingine. Kitawi kikalegea, kikamwachia.

"Nani anakuja?" Nyathira aliuliza.

"Ni mimi."

"Mama mwenyewe?"

"Mwenyewe. Chuma na wewe, tukutane."

"Lakini mikono yangu ni ya pole."

"Ndiyo inayotakiwa leo. Nifundishe. Unafanyaje ukienda pole hivyo?"

"Naomba, Mama. Kila shina namtajia Mungu mtu mmoja. Ndiyo maana nachelewa."

"Jana ulimtaja nani?"

"Wewe."

"Shina moja?"

"Matatu. Moja halikukutosha."

Chepkurui alicheka, na kicheko kikatoka na machozi. Kwa shina la kwanza akamtajia Mungu marehemu mumewe. La pili, Kipkosgei. La tatu, mjane wa Chepyegon. Mbele yake majani yaliachana taratibu, kama watu wanaompisha mgonjwa. Alipofika shina la nne, akataka kumtaja mwanamke aliyemzaa msichana huyu na kumlea mpaka akawa na subira ya namna hii. Hakulijua jina lake. Miaka miwili, na hakuwa amewahi kuuliza.

"Nyathira, mama yako anaitwa nani?"

"Wangeci."

"Wangeci," akamwambia Mungu, na shina likafunguka.

Joto la jua lilikuwa limeanza kuhisika mgongoni. Umande ulipungua, na gome la matawi lilikuwa linageuka kahawia. Hakuongeza kasi. Hilo lilikuwa jambo gumu kuliko yote aliyowahi kufanya. Chipukizi moja, jingine, mpaka vidole vyake vikagusa vidole vingine, baridi na vyenye utomvu. Wakachuma pamoja shina la mwisho lililomkaba Nyathira kiunoni. Likamwachia, kisha likakakamaa nyuma yao kwa mlio kama wa mlango uliofungwa.

Barabarani Kipkosgei alimpokea mkewe. Ogoti, karani wa kituo cha kununulia majani, alivua kofia. Phelis alianza wimbo.

Chepkurui hakuuachia mkono wa Nyathira. Aliwageukia wote.

"Jana mlinisikia, mkacheka," alisema. "Leo nisikieni tena. Jumamosi hii nakwenda Ol Kalou. Nitaketi mbele ya Wangeci na kumwomba binti yake, kama nilivyotakiwa kufanya zamani. Akininyima, nitarudi Jumamosi inayofuata, na nyingine, hata miaka miwili ipite."