Kibuyu cha Mwisho cha Mtemi Maduhu

Kila nikishika jembe namshukuru Mtemi Maduhu. Nchi yake, upande wa Kagongwa, ilikuwa ndogo, unaimaliza kwa miguu kabla jua halijawa kali. Hakuna aliyepanda kabla ya kupewa naye mbegu za mtama. Mwaka 1953 alinigawia zangu, nami nikazipika uji, maana nilikuwa nimejifungua Kalisti na maziwa hayatoki. Mvua ilipoanza nilirudi kwake, nikapiga magoti.

"Shikamoo, Mtemi. Mbegu nimezila."

"Marahaba. Zote?"

"Zote. Mtoto alikuwa analia."

Akamwambia mkewe, Nyamizi, alete kibuyu kilichobaki, kile cha shamba lao wenyewe.

"Na sisi tutapanda nini, mawe?"

"Mawe tunayo ya kutosha. Lete."

Mwaka ule shamba la mtemi liliota majani matupu. Mimi nilivuna. Kapu la kwanza nilimpelekea, Kalisti mgongoni. Hakulitazama kapu. Alimpokea mtoto, akambonyeza mashavu yaliyonona.

"Nyamizi, njoo uone," alisema. "Zile mbegu za kwanza nazo zimeota."

Nyamizi akacheka, akaomba ambebe yeye.