Kaburi la Kirangozi Mloka

Rangi ilikuwa bado mbichi. X nyekundu, kubwa kama mlango, ilichuruzika ukutani kwa Zuwena hadi ikagusa matofali ya tanuri lake la mikate. Yeye alisimama mbele yake, mikono imejaa unga, akinitazama mimi badala ya ukuta.

"Shemeji," akasema, "njoo umfukue mtu wako."

Nikajifanya sikusikia. Nilikuwa mteuzi wa tumbaku miaka thelathini na miwili. Kazi yangu ilikuwa kulishika jani, kulinusa, kisha kulitangazia daraja mbele ya mkulima anayeomba kimoyomoyo. Kazi hiyo humfundisha mtu kuuficha uso. Lakini Zuwena ni mjane wa Sadiki, rafiki yangu wa ujana, na uso wangu aliujua kabla haujaota mvi.

"Mtu gani?"

"Usiniulize mtu gani! Ulimzika hapa kwa mdomo wako, mfukue kwa mdomo huohuo. Nimepewa siku thelathini. Nihamie wapi na tanuri? Nilibebe kichwani?"

Nikaigusa ile rangi kwa kidole, ikanishika.

Turudi nyuma miaka tisa. Mji wetu umekaa kati ya Urambo na Kaliua, na treni ikisimama, abiria anapata muda wa kununua asali dirishani lakini hapati wa kushuka kunyoosha mguu. Leodgar alikuwa mwenyekiti wa mamlaka ya mji mdogo. Cheo hicho kilikuwa kirefu kuliko lami yetu yote, basi tukamwita Meya, naye akaitika. Alikuwa Meya mzuri, nasema hivyo hata leo. Bomba likipasuka, utamkuta mtaroni na buti za mpira, anamshikia fundi spana.

Baba yake alikuja kutoka Morogoro kufunga mataruma ya reli. Mluguru. Mimi Mnyamwezi. Watani, basi, tangu enzi za misafara, babu zetu walipokuwa wakipita chini ya milima yao na mizigo ya watu mabegani. Kila asubuhi alinikuta barazani.

"Mnyamwezi wewe, bado umekaa? Au unasubiri mzigo?"

"Pita, Mluguru. Mlima uliwashinda, mkaja kutumalizia tambarare."

Mtani hakasirikiwi. Mtani anaweza kukuvua kofia mbele ya wakwe zako, ukacheka. Hata msibani ana haki zake, na nitazieleza zikifika.

Leodgar alipogombea ubunge, maneno yakaanza kupita sokoni: mtu wa kuja huyu, baba yake alikuja na treni, naye atarudi na treni. Neno dogo, lakini lilimla. Siku ya mkutano wa mwisho alipanda jukwaani, akafungua kinywa, kikabaki wazi. Watu wakaanza kugeuka kwenda zao. Akanipa mimi kipaza sauti kwa kuwa nilikuwa karibu.

Sijui kilichonipata. Hapana, najua. Nilisikia umati mzima ukininyamazia, na mtu aliyewahi kunyamaziwa namna ile hawezi tena kutulia nyumbani kwake.

"Huyu mnamwita mtu wa kuja?" nikasema. "Babu wa babu yake alifika hapa kabla ya reli, kabla ya Mjerumani! Kirangozi Mloka! Kiongozi wa njia, mbele ya watu mia sita, pembe ya ndovu begani!"

Jina la Mloka nililisoma papo hapo kwenye bodi ya lori lililoegeshwa nyuma ya jukwaa. Nikaendelea. Pembe ile ilikuwa nzito kama ndama, naye hakuitua tangu Ujiji. Usiku alilala wima kama punda. Alipofika kwetu akatua mzigo, akaomba maji, akafa kabla kata haijagusa mdomo.

"Na akazikwa pale!"

Nikanyoosha fimbo, maana uongo usio na mahali pake hausimami. Fimbo ilielekea kwa Zuwena kwa sababu harufu ya mkate ilitoka huko, na nilikuwa na njaa. Zuwena mwenyewe alikuwemo umatini. Alicheka hadi akamshika jirani bega.

Leodgar akashinda. Akaenda Dodoma, suti zikaongezeka, sauti ikashuka chini kama ya mtu anayeongea kutoka ndani ya mtungi. Mwaka wa sita akateuliwa naibu waziri, na redio ya kinyozi ilipolitaja jina lake, mji mzima ulipiga kelele kama umeteuliwa wenyewe. Kila alipokuja alikaa barazani kwangu, walinzi wake wakihesabu dakika.

"Mtani, nieleze tena habari za Mloka."

Nami naongeza. Mloka alimpiga simba kofi huko Ugalla. Mloka alivuka mto wenye mamba akiwa anaimba, mamba wakaitikia. Leodgar alisikiliza ameinamisha kichwa, nikadhani anacheka.

Kisha likaja wazo la mnara. Njia ya misafara ikumbukwe, watalii wasimame hapa, kirangozi wetu apate heshima. Jiwe la msingi ataliweka mheshimiwa mwenyewe. Na mnara hujengwa penye kaburi.

Ndipo X.

Siku zile miguu yangu ilikataa kukaa. Nilikwenda stesheni, nikarudi, nikaenda tena bila kusubiri treni yoyote. Nikanywa chai nusu kikombe katika vibanda vinne. Nikaingia ofisini kwa Justus, kijana anayesimamia ujenzi, nikamwambia kaburi lile nililibuni mimi.

Akatabasamu kwa adabu. "Shikamoo kwanza, mzee."

"Marahaba. Nimelibuni."

"Mzee Uwesu, Mloka ameshapitishwa kwenye kikao. Kuna muhtasari."

Nilimpigia Leodgar mara kumi na moja. Simu ilipokelewa na sauti laini iliyosema mheshimiwa yuko kikaoni. Nikaiambia sauti ile kuna mtu hayupo kaburini. Ikanitakia siku njema.

Zuwena hakunisemesha tena. Alioka, akauza, akaanza kufunga sufuria kwa kamba, moja moja. Nikipita alikuwa ananipa mkate bila kunitazama, na mkate usio na matusi yake haukumezeka.

Siku ya sherehe shimo la msingi lilikuwa tayari, hatua tatu kutoka kwenye tanuri. Urefu wake wa mtu, upana wake wa mtu. Mchimbaji naye alikuwa amesikia habari za kaburi, mkono ukamtuma. Mahema, ngoma, viti vya plastiki vyenye vitambaa. Leodgar alipoinuka na mwiko wa saruji, nilivua kobazi, nikateremka shimoni, nikalala chali.

Sasa zile haki za msibani. Maiti ikifikishwa makaburini, mtani anaweza kutangulia kaburini akalala, na hazikwi mtu mpaka mtani apewe anachodai. Humpigi, humvuti. Unampa, anatoka. Askari wawili walishakuja ukingoni, lakini Mzee Vedasto, mkubwa wetu katika mji, akainua mkono kutoka kitini.

"Mwacheni! Huyo ni mtani wake. Yuko kazini."

Umati ukalipuka kwa vicheko. Nilitazama juu, nikaona mstatili wa mbingu, kisha kichwa cha naibu waziri.

"Mnyamwezi!" akapaza sauti, wasikie. "Umechoka mizigo, sasa unataka kulala?"

"Kaburi hili tupu, Mluguru! Hapa hapana mtu! Mloka nilimtunga mimi!"

Wakacheka zaidi. Mwanamke mmoja akapiga kigelegele. Nilikuwa nimesema kweli tupu mbele ya mji mzima na serikali yake, nao wakaipokea kama utani bora wa mwaka. Ule uongo wa jukwaani waliuamini mzimamzima.

Leodgar akachuchumaa ukingoni, akashusha sauti. "Basi, mtani. Imependeza. Toka."

"Leodgar."

Akainama zaidi. Miaka yote ile sikuwahi kumwita kwa jina. Meya, mheshimiwa, Mluguru, mtani; jina lake, kamwe.

"Leodgar, hapa hapana mtu. Na ile X itambomolea Zuwena nyumba."

Nikamwona akielewa. Haikuwa kama mtu aliyeshikwa na uongo wake. Ilikuwa kama mkulima ninapomtangazia daraja la mwisho kwa jani alilolipalilia mwaka mzima. Hapo ndipo nilipojua kwamba barazani kwangu hakuwahi kucheka.

"Baba yangu hakutuambia chochote," akasema. "Hata jina la baba yake." Mwiko ukainama, saruji ikanidondokea kifuani. "Na hili jina? Ulilitoa wapi?"

"Kwenye lori."

"Mjukuu wangu nimempa jina hilo."

Ngoma zilikuwa zimenyamaza, watu wakisubiri kichekesho kinachofuata. Angeweza kusema nitolewe. Wangenitoa, saruji ingemwagwa, na jioni ile Zuwena angelala kwa watu. Nilimwona akiupima umati, akinipima mimi. Akasimama.

"Ndugu zangu, mtani anadai!" Sauti ya mtungi ilikuwa imempotea, ilikuwa sauti ya mtaroni. "Mtani hatoki bure. Unadai nini, Mnyamwezi?"

"Nyumba hiyo! Na tanuri lake!"

"Mila ni mila. Nimempa! Futeni hiyo alama. Mnara tutautafutia pengine."

Akanipa mkono kunivuta. Ulikuwa wa baridi, na aliuachia mara nilipofika juu.

Hapo pengine pa mnara hapajapatikana mpaka leo. Zuwena aliipaka X chokaa mara tatu. Jua likipiga sana, bado inaonekana kwa chini. Alianza tena kunitukana wiki ileile, nikapona. Leodgar alipandishwa kuwa waziri kamili. Redio ya kinyozi ikasema, mji ukapiga kelele, lakini barazani hakuja. Mwaka na miezi. Gari lake likipita kuelekea Kigoma, vioo huwa juu. Mimi huinuka hata hivyo, kisha sijui nikae au niendelee kusimama.

Ijumaa iliyopita, baada ya swala, nilikuwa kwa Zuwena nikisubiri mkate. Simu ikaita, na safari hii hapakuwa na sauti laini.

"Mnyamwezi."

Nikainuka. "Mluguru."

Nyuma yake nilisikia vyombo, nyumba yenye watu.

"Yule mjukuu wangu ameanza shule," akasema. "Maswali hayaishi. Anauliza yule wa jina lake alikuwa mrefu au mfupi."

Zuwena akaacha kukanda. Sikumtazama. Nilikuwa nimeshatembea hadi ukutani na kurudi, mara mbili.

"Mfupi," nikasema. "Ila kwa mwendo hakuna aliyemfikia."

"Ngoja," akasema waziri. "Ngoja nitafute kalamu."