Nzumari Ng'ambo ya Mto

Nushin alitaka tu kusikia kama upepo umeharibu sauti. Alikuwa mtunzi wa muziki, na mwaka wa tatu sasa alihamahama na Wabakhtiari, wafugaji wa milima ya Uajemi, akiwapiga filamu na kunasa nyimbo zao kabla hazijafukiwa pamoja na wazee. Alichomeka kinasa sauti kwenye spika, akafungua. Nzumari ya mzee Mashadi Kordali ikalia bonde zima: wimbo wa msiba, ule upigwao maiti akiwa bado hemani.

Bibi Mahtalab alitoka mbio, mikono imejaa unga wa mkate.

"Zima! Nani kafa hapa? Zima hicho kidude!"

Nushin akazima. Lakini maji yakimwagika hayazoleki. Ng'ambo ya mto, Sohrab, mtoto wa Mahtalab, aliyebaki na kondoo akingoja mafuriko yapungue, alikuwa amesimama wima kama mti. Mkewe Golandam, aliyekuwa hemani upande huu, alikuwa ameshikwa na uchungu wa kuzaa tangu alfajiri, na Sohrab alijua. Angedhani kafa nani mwingine?

Wakamwona akifunga fito juu ya viriba vilivyojazwa pumzi.

"Anavuka," Mahtalab alisema. "Jana tu mto huu umemeza nyumbu na mzigo wake."

Walipiga kelele, mto ukazimeza. Walipunga mikono, Sohrab akazidi kuharakisha, akidhani anaitwa.

Nushin akamgeukia Kordali, ami yake Sohrab, aliyekaa na nzumari mapajani. "Ami, piga wimbo wa harusi! Ajue hakuna aliyekufa."

"Sina harusi mimi." Mzee alivuta shati lake jeusi. "Ndugu yangu hajatimiza mwaka kaburini. Wa msiba nilikupigia kwa kuwa nimo msibani. Wa furaha, hapana. Kiambie kidude chako kiimbe."

"Hakina, ami. Hukunipigia."

"Basi."

Ndugu huyo ndiye aliyekuwa mume wa Mahtalab. Kwao msiba huvuliwa na mkubwa wa wafiwa, mbele ya ukoo, kwa karamu na nyama. Ukoo ulikuwa mbali, na nyama ilikuwa ng'ambo na Sohrab. Mahtalab akaufungua mtandio wake mweusi, akautupa motoni. Mvi zake zikabaki wazi.

"Shemeji, nimekuvua msiba."

"Una wazimu, mwanamke? Watu watasema nini?"

"Watasema Mahtalab hana adabu. Na waseme! Baba yake nimemzika, na mtoto nimzike kwa ajili ya shati lako? Piga!"

Sohrab alikuwa ndani ya maji hadi kiunoni.

Kordali akalowesha mdomo wa nzumari kwa ulimi. Sauti ya kwanza ikapasuka. Ya pili ikatoka mate matupu. Ya tatu ikashika: mwito wa ngoma ya fimbo, ule unaowatoa vijana hemani siku ya harusi. Nushin akaiacha kamera, akanyakua sinia la unga, akalibamiza kwa kiganja.

Sohrab akainua kichwa. Mto ukampokonya viriba, ukaenda navyo. Akajikokota kwa magoti hadi ukingoni alikotoka, akasimama, akainua fimbo yake ya kuchungia juu, kama mchezaji anayepokea zamu.

Kordali hakuacha kupiga. Mashavu yamevimba, macho ameyafumba.

"Nani anaoa huko nje," Golandam alifoka kutoka hemani, "nami napasuka humu?"

"Mumeo!" Mahtalab alimjibu. "Sukuma!"

Akauvuta mtandio mwekundu kichwani mwa Nushin bila kuomba, akajifunga, akaingia hemani.