Kijiko cha Saba

Katika mji ule uganga ulipimwa kwa vijiko. Msicheke. Mbona injini hupimwa kwa farasi, na ukiifungua hukuti hata mkia? Mtu aliketi mezani, mikono mapajani, vijiko kumi vya chuma vimepangwa mbele yake, akavikazia macho. Kila kilichopaa na kubaki hewani mpaka mpimaji ahesabu ishirini kiliandikwa. Kutuliza mtoto anayelia, vijiko viwili. Kuzuia mvua siku ya kufua, vitatu. Kushikilia paa la soko, ambalo nguzo zake zilioza zamani, saba kamili.

Mpimaji mwenyewe alitakiwa asiwe na nguvu hata chembe, asije akazichanganya na za anayepimwa. Huyu wetu alikuwa mkavu kabisa. Miaka kumi na tisa kazini, hakuna kijiko kilichowahi hata kumkonyeza. Watu walimwita Sifuri, naye alilipokea jina hilo kama cheo. Mwenzake mmoja alipiga chafya, kijiko kikatikisika, akafungashiwa virago siku hiyohiyo.

Sasa balaa: aliyeingia kupimwa asubuhi ile alikuwa mama mkwe wake.

Bibi huyu alikuwa ameshikilia paa la soko miaka thelathini, ameketi kwenye kiti chake kati ya wauza nyanya na wauza kamba, anafuma na kusengenya, na paa halikudondosha hata vumbi. Bibi hakumpenda mkwewe, wala hakuficha. Siku ya posa aliuliza mbele ya wageni kama mjini wameisha wanaume wenye walau nusu kijiko. Tangu hapo kila Sifuri akienda kumwamkia, anaulizwa kama leo amejitahidi kuinua angalau kope zake.

Mkewe naye alikuwa amemwonya kabla hajatoka nyumbani: mama akinyang'anywa kile kiti atakufa kwa kukaa bure, na atakayeleta habari hiyo atafute pa kulala. Ukweli ni kwamba bibi alikuwa amezeeka. Juma lililopita paa lilicheza, ndiyo maana mkuu wa ofisi mwenyewe alikuja kusimama mlangoni, na soko likafungwa mpaka majibu yatoke.

Bibi akaanza. Cha kwanza kikapaa bila ubishi, cha pili, cha tatu, cha nne. Cha tano kilipanda kwa kusuasua. Cha sita kilichukua muda hadi Sifuri akaona aibu kutazama. Cha saba kikagoma.

Jasho likamtoka bibi. Ule mdomo uliozoea kumsimanga mkwewe ukaanza kutetemeka, naye akajifanya anarekebisha mtandio. Miaka yote Sifuri aliomba aione siku ambayo mwanamke huyu atanyamaza. Sasa amenyamaza, na ilimuuma, jamani, ilimuuma kana kwamba bibi ndiye aliyemzaa. Kumbe anampenda! Hofu iliyomshika hapo, hata mimi nisingeitaka.

Kijiko cha saba kikainuka.

Sifuri akahesabu ishirini kwa sauti inayopwaya, maana vidole vilikuwa vinamchoma na alikwisha kujua. Bibi pia alijua. Aliyebeba paa miaka thelathini hawezi kuchanganya mzigo wake na wa jirani. Mkuu peke yake ndiye hakujua. Akasema saba, hongera mama, na fomu iandikwe.

Sifuri angeandika saba tu, kazi yake ingebaki na kiti cha bibi kingebaki. Lakini paa halisomi fomu, na chini yake kuna watu.

"Sita ni vya mama," akasema. "Hicho kimoja ni changu."

Mkuu akavua miwani, akaivaa, akaivua tena. Kisha akafanya kama sheria inavyotaka: akamwachisha mmoja kazi, akamfutia mwingine kibali cha kushika paa, akaketi. Nje wauzaji walikuwa wameanza kugonga mageti. Mkuu akachungulia dirishani, akahesabu kwa vidole, sita na moja, akawaita wote wawili warudi haraka.

Mchana soko lilifunguliwa, na kati ya nyanya na kamba kulikuwa na viti viwili. Bibi alifuma kwa muda mrefu. Hatimaye, bila kumtazama mkwewe, akauliza: kama nguvu alikuwa nazo, miaka yote hiyo alikuwa anangoja nini?

"Sijui, mama. Sikuwahi kutaka kitu kiasi kile."

Sindano zikasimama. Bibi akaangua kilio, kilio cha waziwazi, na paa zima likashuka shubiri moja. Wauzaji wakatupa mizani, wakakumbatia nyanya zao.

"Nyamaza basi, mama," Sifuri akamsihi, shingo imemkakamaa. "Mimi ni kijiko kimoja tu."