Mbuzi wa Profesa Kipngeno

Mwaka wa kwanza wa sheria, Chepchumba alimchukia Profesa Kipngeno, tena si kwa utani. Mzee yule hakufundisha, alihoji tu kama askari. Ukiitwa unasimama, na huruhusiwi kuketi mpaka mtu darasani ajibu vizuri.

"Mbuzi wa jirani amekula unga wako. Umemfunga, amekufa kwa kiu. Mwenye makosa ni nani?"

Chepchumba alitaja vifungu vya sheria hadi koo likamkauka. Kipindi kiliisha akiwa bado wima, na jibu hawakupewa.

Sasa profesa alikuwa marehemu, na kila Ijumaa Wakili Chepchumba alitoka ofisini kwake Lodwar kwenda Kakuma kuwafundisha wakimbizi sheria. Ijumaa hii alijikuta akiuliza swali lile lile, kwa sauti ya puani kama ya profesa.

Nyandeng, mama wa Sudan Kusini, alisimama.

"Mwalimu, kwanza mimi nauliza. Huyo mwenye mbuzi alijua mbuzi yake imefungwa?"

Miaka ile darasa zima la Chepchumba lilijibu na kujibu, hakuna aliyemuuliza profesa swali. Akamkumbuka mzee pale mbele, kichwa ameinamisha, kama mtu anayesubiri hodi.

Akavuta kiti, na baada ya miaka ishirini, akaketi.